Msaada: Kuandika skripti ya filamu ya hali halisi kuhusu kesi ya mauaji. Naanzia wapi?

KalamuBuluu

Habari zenu wakuu.

Naombeni mwongozo kwa wenye uzoefu. Natoka kwenye uandishi wa habari za mahakamani, na sasa nimepewa kazi ya kuandika filamu ya hali halisi ya dakika 52 kuhusu kesi ya mauaji. Kesi imeshaisha: hukumu ilitoka, rufaa ikasikilizwa na kukataliwa. Mkononi nina jalada la kurasa kama 900, saa 31 za mahojiano ambayo tayari yamerekodiwa, na mwongozaji anayetaka "skripti" ndani ya wiki sita.

Kinachonitatiza: skripti ya filamu ambayo mahojiano yake yapo tayari inaandikwaje? Nianze na jalada au na mahojiano? Maneno ya msimulizi yawe mangapi? Halafu kuna suala la sheria. Nikiandika kitu, mtu akaja kudai amekashifiwa, ninabanwa mimi au kampuni? Mkataba wangu ni ukurasa mmoja na nusu tu.

Nawasilisha.

---

JaladaNamba7

Anza na jalada, mkuu, na mahojiano usiyaguse mpaka umelimaliza. Mtu anayehojiwa miaka kadhaa baada ya tukio hakumbuki sana tukio lenyewe, anakumbuka jinsi alivyolisimulia mara ya mwisho. Ukimsikiliza yeye kwanza, sauti yake inakuganda kichwani, na jalada utalisoma kama mtu anayetafuta wa kumuunga mkono.

Lakini usilisome kwa mpangilio lilivyofungwa. Chukua kwanza hukumu ya rufaa. Huwa fupi, na inakuonyesha mara moja ni mambo gani yalibishaniwa mpaka mwisho. Kisha hukumu ya awali, kisha mwenendo wa kesi, kisha vielelezo. Maelezo yaliyoandikwa polisi yawe ya mwisho kabisa. Wengi huanza nayo kwa sababu yana hadithi tamu yenye mwanzo na mwisho, wakasahau kwamba ni maneno ambayo hayajapita kwenye maswali ya wakili wa upande wa pili. Nusu yake unaweza kukuta yalibomolewa kizimbani.

Unaposoma, jaza jedwali lenye safu saba: tarehe, saa, mahali, kilichotokea, nani anasema, hati na ukurasa, na safu ya mwisho uandike kama jambo hilo linabishaniwa au la. Mashahidi wawili wakitaja saa tofauti kwa tukio lilelile, hiyo ni mistari miwili. Usitafute katikati yake. Jalada la kurasa 900 linaweza kukupa mistari mia tatu na ushee, usishtuke.

Jihadhari na saa. Shahidi anasema "saa nne usiku", karani anaandika 4:00, mfasiri anaichukua ikawa alfajiri. Andika zote kwa mfumo wa saa 24, na pembeni uweke maneno ya shahidi kama alivyoyatamka. Taarifa za simu kutoka kwa kampuni za mawasiliano nazo wakati mwingine huandikwa kwa UTC, yaani saa ya kimataifa ya rejea, si kwa saa za mahali pa tukio. Kamera za ulinzi ndizo mbaya kuliko zote: saa yake ikishawekwa vibaya siku ya kufungwa, hakuna anayeirekebisha. Tafuta kwenye ripoti ya mpelelezi kama kuna mahali alipolinganisha saa ya kamera na saa sahihi. Kama hakulinganisha, saa inayoonekana kwenye picha hiyo usiitumie kama ushahidi wa chochote.

Na magazeti mawili yaliyonukuu taarifa moja ya polisi ni chanzo kimoja. Hili unalijua, ila kwenye filamu watu hulisahau.

---

Mkasi_na_Gundi

Nakazia alichosema JaladaNamba7, ila mimi nakaa kwenye kiti cha uhariri, kwa hiyo niseme upande wa picha.

Saa 31 za mahojiano, mtu akinukuu kwa mkono, yaani akiandika kila kinachosemwa, kila saa moja inakula saa nne hadi sita. Hiyo ni zaidi ya wiki tatu za kazi ya mtu mmoja, na wewe una sita. Tumia programu ya kunukuu kwa rasimu ya kwanza, kisha sikiliza mwenyewe kila kipande unachokusudia kukitumia. Kila kimoja, bila kuruka. Programu hizi zinakosea majina na namba, hilo linaonekana haraka. La hatari ni ukanushi. "Akanipiga" na "hakunipiga" kwa sikio la mashine ni karibu kitu kimoja, hasa msemaji akimeza silabi ya kwanza. Vivyo hivyo "nikamwona" na "sikumwona". Katika kesi ya mauaji, silabi moja hiyo inageuza ushahidi juu chini.

Kabla ya kunukuu chochote, muombe mhariri nakala ndogo za video zenye taimukodi iliyochapwa juu ya picha, ileile ya faili asilia: saa, dakika, sekunde, fremu. Kinachoharibika mara nyingi ni hiki: msaidizi anatoa sauti peke yake, inaanzia sifuri, mwandishi anaandika "dakika ya 14" kurasa mia mbili nzima, na mhariri hawezi kupata hata kipande kimoja. Kama palikuwa na kamera mbili ambazo hazikuoanishwa, chagueni moja iwe rejea na muandike hilo juu ya kila ukurasa.

Sasa skripti yenyewe. Ina safu mbili: kushoto kinachoonekana, kulia kinachosikika. Hatua ya kwanza ni kuhariri karatasini. Unachagua kauli kutoka kwenye nukuu, unazipanga, kila moja na jina la msemaji, namba ya faili, taimukodi ya kuanza na ya kuisha. Kwa filamu ya dakika 52, ukija na kauli za dakika 90 hadi 100 tunaelewana. Ukija na dakika 240, hapo hujachagua kitu, umenihamishia mzigo wako.

Kila unapokata ndani ya kauli, weka alama [...]. Kila mara. Mimi naihitaji kujua wapi pa kufunika na picha, na wakili anaihitaji zaidi yangu. Kauli ya viraka, yaani sentensi iliyoshonwa kutoka majibu mawili tofauti, kwenye skripti inasomeka safi kabisa, na hapo ndipo watu wanapoumia. Mfano unaojulikana ni The Jinx ya televisheni ya HBO ya mwaka 2015, kuhusu Robert Durst, tajiri wa Marekani aliyeshukiwa kwa mauaji. Mwishoni anasikika chooni, kipaza sauti kikiwa bado kimewashwa, akijiuliza amefanya nini kisha akisema aliwaua wote. Nakala kamili ya sauti hiyo ilipofika mahakamani mwaka 2019, ilionekana sentensi hizo mbili zilikuwa mbalimbali, na mpangilio wake ulikuwa kinyume. Durst alitiwa hatiani mwaka 2021 kwa ushahidi mpana zaidi ya hapo, lakini mkato ule bado unajadiliwa hadi leo.

Kuhusu maneno ya msimulizi: Kiingereza huhesabiwa kama maneno 150 kwa dakika. Kiswahili usikihesabu hivyo, "hawakumwambia" ni neno moja lenye kazi ya sentensi nzima. Soma kwa sauti, kwa mwendo wa msimulizi, ukiwa na saa mkononi. Utakuta uko kwenye 100 hadi 120. Msimulizi akipewa dakika 12 kati ya 52, inatosha. Na usiandike mpaka ukuta wa picha. Sekunde 20 za picha, andika maneno ya sekunde 15.

---

BibiMswada

Mkasi, dakika 12 za msimulizi mimi naona ni nyingi. Kama mahojiano ni mazuri, msimulizi apewe tu kile ambacho hakuna aliye hai anayeweza kukisema: tarehe, utaratibu wa mahakama, kilichomo kwenye hati. Dakika 6. Akianza kueleza jinsi mtu alivyojisikia, mwondoe.

KalamuBuluu, wewe umetoka kwenye habari za mahakamani kwa hiyo umezoea "inadaiwa". Kwenye filamu tatizo lako halitakuwa hapo, litakuwa kwenye vitenzi. Tuseme umeandika hivi:

*"Saa nne usiku mshtakiwa alitoka baa akiwa na hasira, akamfuata marehemu mpaka nyumbani."*

Inasomeka vizuri, eti? Haya, tuikamue. "Saa nne" ni ya nani? Ukurasa? "Akiwa na hasira": nani aliiona hasira hiyo? Kama ni mhudumu wa baa, basi sema mhudumu aliiambia mahakama kwamba alimwona akigonga meza. Kugonga meza ni tendo lililoonekana, hasira ni tafsiri. "Akamfuata": kufuata kuna nia ndani yake. Kilichothibitishwa huenda ni kwamba wote wawili walipita njia moja, mmoja baada ya mwingine. Na ile *-ka-* yenyewe ndiyo mtego mkubwa, kwa sababu msikilizaji wa Kiswahili akisikia "alitoka... akamfuata" anaunganisha mawili hayo kama mnyororo, la kwanza limezaa la pili. Jalada lako linaweza kuwa na dakika arobaini kati ya tendo na tendo ambazo hakuna shahidi anayezijua. Zivunje ziwe sentensi mbili, na dakika arobaini zitajwe:

*"Mhudumu aliiambia mahakama kwamba mshtakiwa aligonga meza, akalipa na kutoka saa nne usiku. Saa nne na dakika arobaini, jirani alisikia mlango wa marehemu ukifunguliwa. Hakuna shahidi aliyeeleza mshtakiwa alikuwa wapi katikati ya muda huo."*

Ni ndefu zaidi, na inatisha zaidi. Ona pia kwamba "akalipa" imebaki, kwa sababu hapo mfuatano ni wa kweli na shahidi ni yuleyule.

Jambo jingine la lugha yetu: "alimpiga" haikwambii nani alimpiga nani, na kama wahusika ni wanaume watatu, mtazamaji atapotea, au atachagua mhalifu wake mwenyewe. Rudia majina. Kwenye gazeti ingekuwa kero, kwenye sauti haichoshi kama unavyodhani.

Kuhusu muundo: hukumu iseme mapema, ndani ya dakika 10 za kwanza. Najua mwongozaji atataka kuificha mpaka mwisho. Lakini kesi imeshaisha, mtazamaji mwenye simu mkononi anaitafuta dakika ya 5. Ukiificha, anajua unamchezea. Ukiisema, swali linageuka kutoka "nani" kuwa "walijuaje", na jalada la kurasa 900 linajibu swali la pili vizuri kuliko la kwanza.

Na jina lako kwenye filamu liwe "Imeandikwa na". Usikubali "mtafiti" wala "msaidizi wa hadithi" kwa kazi hii. Chama cha waandishi cha Marekani, Writers Guild of America, kina tuzo ya skripti ya filamu ya hali halisi, na sharti mojawapo ni jina la mwandishi lionekane kwenye skrini. Popote utakapopeleka kazi zako baadaye, swali la kwanza litakuwa hilohilo.

---

Manukuu_Tu

Nyongeza ndogo. Kama filamu itapewa maandishi ya chini, mstari mmoja usizidi herufi 42, mistari miwili, na isikae zaidi ya sekunde 7. Hivyo ndivyo Netflix wanavyotaka na wengi wamefuata. Shahidi anayeongea haraka sana, kauli yake itabidi ifupishwe kwenye maandishi, na ufupisho huo nao uhakikiwe kama kauli nyingine yoyote. Usimwachie mfasiri peke yake.

---

WakiliWaSkrini

Swali la kisheria. Jibu fupi: mnaweza kubanwa wote wawili, na mkataba wa ukurasa mmoja na nusu mara nyingi unakubana wewe zaidi. Angalia kama kuna kifungu kinachosema mwandishi "anahakikisha kazi haimkashifu mtu yeyote" na "atailipa kampuni fidia". Omba kibadilishwe kiseme "kwa kadiri ya ufahamu wake na baada ya uchunguzi wa kutosha", na kisihusu nyenzo alizopewa na kampuni wala mabadiliko yaliyofanywa baada ya kukabidhi. Kisha omba jina lako liingizwe kwenye bima ya makosa ya kazi (inayolipia madai kama ya kashfa) ambayo mtayarishaji ataikata. Wasambazaji wengi wa kimataifa hawapokei filamu bila bima hiyo. Kiwango kinachoombwa sana ni dola milioni 1 kwa dai moja na milioni 3 kwa madai yote. Humo humo kwenye mkataba, malipo yagawanywe kwa hatua (kusaini, uhariri wa karatasini, rasimu ya kwanza, maneno ya msimulizi ya mwisho) na idadi ya marekebisho itajwe. Mawili ni kawaida, la tatu lilipiwe.

Mwenye bima na wakili wake watataka skripti yenye vyanzo. Kila mstari una namba, na kila namba ina hati na ukurasa, au taimukodi. Hapo jedwali la JaladaNamba7 linakulipa. Ukisubiri kuitengeneza mwishoni, utatumia wiki mbili kutafuta ulikoitoa sentensi moja.

"Inadaiwa" si kinga. Katika nchi zinazofuata mfumo wa sheria ya Kiingereza, anayerudia kashfa huhesabiwa kama aliyeitoa. Kinachokulinda ni kuripoti kwa haki na usahihi kilichosemwa mahakamani: "Shahidi wa nne aliiambia mahakama kwamba..." Kinga hiyo inaponyoka ukiacha kusema kwamba shahidi huyohuyo alipohojiwa na utetezi alibadilisha kauli.

Aliyetiwa hatiani kwa kawaida si hatari yako kubwa. Hatari ni watu wa pembeni: jirani "aliyeonekana naye mara ya mwisho", daktari, askari wa zamu. Wako hai, hawakushtakiwa, na picha ya sekunde tatu ya nyumba yao ikiwekwa juu ya muziki wa wasiwasi inasema jambo ambalo skripti yako haikulisema. Soma safu ya kushoto kwa jicho hilohilo la safu ya kulia.

Mfano: baada ya Making a Murderer, mfululizo wa Netflix kuhusu kesi ya mauaji, mpelelezi mmoja mstaafu alifungua kesi mwaka 2018 dhidi ya Netflix na watengenezaji, akilalamikia jinsi ushahidi wake wa kizimbani ulivyohaririwa. Jaji aliitupilia mbali Machi 2023. Watengenezaji walishinda, sawa, ila hesabu miaka hiyo na ada za mawakili.

Kila utakayemtuhumu apewe nafasi ya kujibu, kwa barua inayotaja tuhuma moja moja kwa maneno ya wazi, na muda wa siku 7 hadi 14. Barua ya "tunatengeneza filamu kuhusu kesi hii, ungependa kushiriki?" haihesabiki. Skripti usimpelekee, peleka tuhuma tu. Jibu lake liingie ndani ya filamu, pale tuhuma ilipo. Kulitupa kwenye maandishi ya mwisho wakati watu wanafunga televisheni hakusaidii.

Mwisho, hakikisha kesi imeisha kweli. Uingereza, kwa mfano, chini ya Contempt of Court Act ya 1981, kesi huhesabiwa kuwa hai tangu mtu anapokamatwa, na ikiamriwa isikilizwe upya inakuwa hai tena. Filamu iliyokuwa halali Jumatatu inaweza kuwa kosa Ijumaa.

---

KalamuBuluu

Asanteni sana wakuu, nimepata zaidi ya nilichotarajia. BibiMswada, hiyo *-ka-* sikuwahi kuiwazia, nimerudi kwenye rasimu nikaikuta mara 19 kwenye kurasa mbili.

La mwisho: mwongozaji anataka maigizo ya usiku wa tukio. Naandikaje? Na kuna shahidi mmoja ameahidi kutuletea "kitu" ambacho polisi hawakukichukua.

---

BibiMswada

Maigizo: kila igizo liwe na mwenyewe. Kwenye safu ya kushoto andika "IGIZO, kwa mujibu wa shahidi wa 3, uk. 114" na lionyeshe alichosema huyo tu. Shahidi wa 5 akisema vingine, anapata igizo lake. Hivyo ndivyo Errol Morris alivyofanya kwenye The Thin Blue Line ya mwaka 1988: tukio la kupigwa risasi askari wa Dallas linarudiwa tena na tena, likibadilika kulingana na anayesimulia, mpaka unaona maelezo hayapatani. Randall Dale Adams, aliyekuwa amehukumiwa kwa mauaji hayo mwaka 1977, aliachiwa mwaka 1989. Igizo moja tu, lenye taa nzuri na sura ya mwigizaji, mtazamaji analihifadhi kama kumbukumbu. Kwa hiyo mikono, viatu, taa ya gari. Uso wa mshambuliaji hapana. Na maandishi ya "Igizo" yakae kwenye skrini muda wote wa igizo.

---

WakiliWaSkrini

Hicho "kitu" msikipokee mkononi kabla ya kuongea na wakili wa filamu. Wakati wa kurekodi Paradise Lost, filamu ya 1996 kuhusu mauaji ya watoto, baba wa kambo wa mmoja wa watoto waliouawa alimpa mtu wa kamera kisu kama zawadi, kikaonekana kina kitu kama damu, ikabidi kifikishwe polisi. Kikishapita kwenye mikono yenu, nyinyi ni mashahidi na mnyororo wa utunzaji wa ushahidi mmeuvunja. Mwelekezeni shahidi akikabidhi mwenyewe kupitia wakili, na nyinyi mrekodi makabidhiano kwa ruhusa.

Na rekodi zenu zote, hata zisizotumika, zichukulieni kama kitu kinachoweza kuitwa mahakamani. Mwaka 2010 jaji wa New York aliamuru mwongozaji Joe Berlinger akabidhi rekodi ghafi za filamu yake Crude, zilizokuwa kama saa 600, na mahakama ya rufaa ikampunguzia kiasi tu. Kwa hiyo shahidi akikuomba "hili libaki kati yetu" kamera ikiwa inazunguka, zima kwanza, halafu mweleze kwamba huwezi kumwahidi hivyo.